Nataka kuchora mikokoteni, nira na kazi za mafundi wa vijijini huku Dodoma kabla havijapotea, nianzie wapi?

penseli_ya_Bahi

Wakuu mbukwenyi.

Mimi ni mchoraji, sio wa jina kubwa, nachora vibao vya maduka, kuta za shule, na zile picha za sura za watu wanazopeana kwenye harusi na send-off. Naishi Dodoma mjini ila kwetu ni Bahi. Kuna wazo linanikaa kichwani muda sasa na nyumbani nikilitaja naulizwa linalipa shilingi ngapi, kwa hiyo nimeona nililete huku kwa watu wasionidai chochote.

Nilikuwa nasoma habari za mchoraji mmoja wa Uingereza, Thomas Hennell, kazaliwa 1903 huko Kent, mtoto wa mchungaji. Huyu jamaa miaka ya 1930 alikuwa anapanda baiskeli yake anazunguka vijijini kuchora vitu ambavyo wenzake walikuwa wanavipita tu, mtu anasuka kikapu, mhunzi yuko kwenye moto, watu wanaezeka nyumba kwa nyasi, fundi anachonga gurudumu, majembe ya kukokotwa na farasi yametupwa nyuma ya banda yanaota majani, na yale magari ya shamba ya mbao ya matairi manne. Matrekta ndio yanaingia na yeye akaona kabisa wale wazee wakienda na kazi imeenda nao. Katikati hapo akaugua akili akalazwa miaka kadhaa, katoka, kaendelea kuchora. Vita ya pili ilipoanza kukawa na mradi unaitwa Recording Britain, kuanzia 1940, wachoraji karibu mia wakalipwa wachore majengo, vijiji na kazi za watu kabla mabomu au maendeleo havijaviondoa, na yeye akawemo. Zikapatikana picha zaidi ya 1,500, nyingi za rangi ya maji, leo ziko makumbusho ya V&A pale London. Hela ya mradi ilitoka kwenye mfuko ulioanzishwa na tajiri wa Kimarekani, nalitaja hilo kwa makusudi kwa wale watakaouliza nani atanilipa. Mwenyewe Hennell hakuzeeka, walimtuma kuchora vita, akafika Iceland, Ufaransa, mpaka Asia, akapotelea Surabaya kule Java Novemba 1945 kwenye vurugu za uhuru wa Indonesia, ana miaka 42.

Baada yake kuna mwingine James Arnold yeye alijikita kwenye magari yenyewe, kaunti kwa kaunti, maana kumbe kila eneo lilikuwa na gari lake, umbo tofauti, rangi tofauti, ukiliona tu barabarani unajua limetoka wapi, la Oxfordshire kwa mfano mwili wa njano na chini nyekundu. Na gurudumu moja tu lilikuwa na miti mitatu: katikati kwenye kitovu wanaweka elm kwa sababu nyuzi zake zimejisokota hazipasuki ovyo, spoku ni oak iliyopasuliwa sio kukatwa kwa msumeno, na duara la nje ni ash kwa sababu inanepa. Halafu mhunzi anachemsha ringi ya chuma hadi inakuwa nyekundu, inatanuka, wanaivalisha, wanaimwagia maji, inasinyaa inabana gurudumu lote. Nilivyosoma hapo nikasema hivi hawa wa kwetu nani amewahi kuwauliza maswali kama haya?

Maana ukisimama barabara ya Bahi wakati wa mavuno ya mpunga unaona mikokoteni ya kila aina, ya maksai, ya punda, yenye tairi za pikapu, nyingine boriti ya kuvutia ni mti tu uliokatwa porini. Kiangazi wanabeba maji, mchanga, matofali. Na kila mwaka naona guta na bodaboda zinaongezeka.

Sasa naomba mawazo. Nianze na mikokoteni peke yake au nichanganye na vitu vingine, vinu, mizinga, vyungu, zeze? Kuna mtu yeyote atajali? Na kuna hoja gani ya kuchora kwa mkono wakati kila mtu ana simu?

---

Kamanda_Ipagala

Mkuu hongera kwa wazo ila swali lako la mwisho umejijibu mwenyewe. Piga picha. Dakika moja una picha arobaini za mkokoteni pande zote, video unamrekodi na mzee anaongea, unatupia mtandaoni imeisha hiyo. Uchoraji ulikuwa na maana kipindi hicho kwa sababu kamera zilikuwa za matajiri. Leo unakaa juani saa tatu unachora kitu ambacho simu ya laki na nusu inakimaliza.

Halafu mkokoteni sio kitu cha kupotea bwana, toka asubuhi uende stendi ya mabasi mpaka Majengo uhesabu.

---

fundi_wa_Kibaigwa

Kamanda hapo umekosea na nakwambia kama mtu ninayeitengeneza hiyo mikokoteni, sio msomaji wa mambo.

Watu wanakuja gereji kwangu na picha ya simu wananiambia fundi nataka kama huu. Nakaangalia kapicha naona ubao, naona tairi, naona mtoto kakaa juu anacheka. Sioni chochote cha kunisaidia. Ekseli imekaa wapi? Imefungwa kwa yuboti au imechomelewa? Boriti inaingia chini ya fremu futi ngapi? Picha inakuonyesha uso wa kitu. Mchoraji akikaa pale akauliza hiki kinapita wapi, kile kimeshikwa na nini, anaweza kukitoa chuma kilichojificha chini akakionyesha, anaweza kukata ubao kwenye karatasi ukaona ndani bila kuubomoa mkokoteni wa watu.

Sasa mchoraji nikupe ya kuanzia bure. Mkokoteni wa maksai au punda wa huku kwetu uhai wake ni ekseli. Tunatafuta ekseli nzima ya gari lililokufa, Land Rover ya zamani ndio ilikuwa mfalme, siku hizi ni pikapu za Kijapani, unaikuta kwa wauza skrepa. Kuna anayekata difu, lile bonge la gia la katikati, akaitupa akaunga bomba, kuna anayeacha ilivyo na uzito wake wote, hao ndio ng'ombe wao wanakonda. Fremu ni vyuma vya engo au chaneli, tunachomelea. Juu mbao. Mninga ulikuwa haupigwi na mchwa lakini leo nani anaweza bei ya mninga kwa ajili ya kubebea samadi, tunaweka paini ya kutoka Sao Hill tunaipaka oili chafu, inadumu misimu michache inapasuka tunabadilisha.

Siri ambayo hautaiona kwenye picha ya simu ni hii. Ekseli haikai katikati kamili ya bodi. Inarudi nyuma kidogo, ili mzigo ulalie mbele kiasi na nira ipate uzito mdogo shingoni. Fundi mgeni anapima kwa futi anaweka katikati barabara, anasifiwa mkokoteni mzuri, siku ya kwanza wanapakia magunia ya mahindi nyuma yanaelemea, boriti inanyanyuka na nira inapanda juu na zile kamba za koo zinawakaba maksai, wanalala chini barabarani, mwenye ng'ombe anasema wamerogwa. Hawajarogwa, ni ekseli hiyo. Sasa ukichora hilo na vipimo, mtoto wa mtu aliye Mpwapwa au Manyoni anaweza kuangalia akatengeneza.

Na mzee aliyenifundisha mimi kazi aliwahi kutumia beringi za mbao. Kipande cha mti mgumu kinatobolewa, kinachemshwa kwenye oili mpaka oili inaingia ndani kabisa ya mti, kikipoa kinafungwa chini ya bodi na ekseli ya bomba inazungukia humo. Kikilika unachonga kingine, hauendi dukani. Hilo sijaona kijana yeyote anafanya sasa hivi, na nikikuuliza Kamanda utoe picha yake ya simu hauna.

---

Kamanda_Ipagala

Fundi umenikamata kwenye ekseli nakubali hiyo 😂 ila bado video ingefaa.

---

Mwl_Historia

Mimi nina tatizo na neno la asili linavyotumika kwenye mjadala kama huu, ingawa penseli mwenyewe hajalitumia vibaya. Mkokoteni sio kitu cha mababu zetu hapa Ugogo. Misafara yote ya karne ya 19 kutoka Bagamoyo kwenda Tabora ilipita hapa, Wagogo wakiwatoza hongo kwa sababu maji yalikuwa yao na ukame ni huu huu tunaoujua, na karibu mizigo yote ile ilibebwa na wapagazi mabegani na vichwani, wachache wakawa na punda. Gurudumu halikuwa kitu cha kawaida. Reli ya Mjerumani ikafika Dodoma 1910, Kigoma 1914, ndio mambo ya magurudumu yakaanza kusogea polepole. Mkokoteni wa maksai kijijini ni wa juzi sana, wakoloni waliusukuma kidogo, na baada ya uhuru ndio ukapewa nguvu, plau za viwanda vya UFI ya Ubungo na ZZK ya Mbeya, kituo cha zana cha CAMARTEC kule Arusha nao na zana zao. Kwa hiyo tofauti na Waingereza, ambao lile gari la mbao lina ukoo mrefu nyuma yake, hapa unachora kitu ambacho umri wake unaweza kuwa sawa na wa babu yako.

Simaanishi usichore. Nasema usikichore kama masalia. Ekseli ya gari la serikali lililokufa kuishia kuvuta mtama ni historia ya nchi hii kuliko vitu vingi tunavyoviweka kwenye kabati la vioo. Na kama unataka kichekesho cha zana, Kongwa ipo hapo jirani na fundi wetu. 1947 Waingereza walikuja kulima karanga kwa matrekta, mengine yalikuwa vifaru vya vita vilivyogeuzwa, wakakuta udongo ukikauka unakuwa simenti na mvua haieleweki, mpaka 1951 mpango umekufa na karibu pauni milioni 36 zimeteketea. Leo Kibaigwa pale pale wilayani Kongwa ni soko kubwa la mahindi na baadhi ya mahindi yanatoka shambani kwa punda.

Ukitaka vitu vyenye mizizi mirefu zaidi hapa kwetu nenda kwenye tembe. Ile nyumba ya mraba au ya pembe nne yenye uwanja katikati, mifugo inalala ndani ya ua, paa bapa la miti limefunikwa udongo. Operesheni Dodoma mwanzoni mwa miaka ya 1970 na kampeni za nyumba bora ziliziondoa nyingi sana, na bati likamalizia. Kijiji cha Makumbusho Dar wana tembe ya Kigogo wameijenga lakini ile ni ya kuonyesha wageni, haina moshi wa miaka ndani yake. Zilizobaki zenye watu wanaoishi humo ni chache na wanaojua kufunga paa lile lisivuje ni wachache zaidi, maana wanapanga nguzo, boriti, fito, kisha nyasi au maganda, ndipo udongo, na kila kiangazi linakaguliwa kabla mvua ya Desemba haijaingia. Hilo ndilo linalotaka mchoro wa kukatwa katikati kama alivyosema fundi.

---

mrangi_asilia

Mmekaa mnazungumzia Uingereza wakati jambo hili limefanyika hapa hapa mkoani kwetu, Kondoa.

Mary Leakey watu wanamjua kwa Olduvai na mafuvu, hawajui kwamba yule mama alianzia kwenye kuchora, alikuwa anawachorea wanaakiolojia zana za mawe kabla ya yote. 1951 alikuja Kondoa na mumewe, wakapiga kambi, akawa anapanda kwenye mapango ya Kolo na kwingine anabandika karatasi angavu juu ya mwamba anafuatisha mstari kwa mstari zile picha nyekundu za watu na twiga na pofu, anarudi kambini anapunguza ukubwa na kutia rangi. Karibu maumbo 1,600. Kazi ikalala miaka na miaka, ikatoka kitabu 1983. Mapango yenyewe UNESCO waliyaingiza kwenye urithi wa dunia 2006.

Sasa ukienda leo baadhi ya picha jua limezila, mengine maji yamepita juu, nyingine watu wamezimwagia maji ili zing'ae kwa ajili ya picha, wengine wameandika majina yao. Kuna mistari ambayo ukitaka kuiona vizuri bora uiangalie kwenye karatasi ya yule mama kuliko kwenye mwamba. Kwa hiyo Kamanda swali la kuna faida gani ya mkono limejibiwa kitambo. Jicho la mtu aliyekaa mbele ya kitu kutwa nzima linatenganisha mstari wa chini na wa juu, la simu linachukua vyote pamoja na uchafu wake.

Mchoraji, na wewe usijione wa kwanza Tanzania. Sam Ntiro, Mchagga wa Machame, kazaliwa 1923, kasoma Slade kule London, kafundisha Makerere, akawa balozi wetu Uingereza baada ya uhuru, yeye maisha yake yote alichora watu wako kazini kijijini, wanakata miti, wanavuna, wanakwenda sokoni. Kuna mchoro wake wanaume wanapeleka pombe ya ndizi kwa bibi harusi usiku, uko MoMA New York. Yeye hakupima kitu kwa rula lakini ukitaka kujua jinsi watu wanavyopanga mstari wakibeba mzigo mlimani muangalie yule. Nyie mnaochora simba na machweo kwa ajili ya watalii hamuwezi kumkuta.

Kwetu njoo uchore mizinga. Gogo limechongwa tundu ndani, limefungwa mifuniko, linaning'inizwa juu ya mti kwa kulabu ya mti mwingine. Watu wa miradi wanaleta mizinga ya masanduku na sio mbaya, asali inavunwa safi zaidi, ila mzinga wa gogo una mambo yake, mti gani, ulalie upande gani, tundu la nyuki liwe wapi, na kila ukoo na alama yake ya kuchonga ili mtu asivune wa mwenzake. Hizo alama sijawahi kuona mtu kazikusanya.

---

penseli_ya_Bahi

Aisee mrangi hizo alama za mizinga umenimaliza kabisa, hicho nakuja. Mwalimu nimekupata, na kusema kweli hiyo ya ekseli ya gari la serikali ndio inanivutia kuliko ningeambiwa ni kitu cha miaka mia tano. Fundi nitakutafuta inboksi, nataka nije nikae gerejini kwako siku unayofunga ekseli, na kama unaweza kunichongea beringi moja ya mbao kwa malipo nichore kila hatua tangu mti haujatobolewa. Nitakuja na karatasi ngumu A3 na futi.

Wa kwenye vyungu hamna humu?

---

daktari_wa_punda

Nafanya kazi ya mifugo, naomba nichangie kwenye nira kabla haujaanza kuchora maana unaweza kuchora kosa likabaki milele.

Ng'ombe wetu wa zebu wana nundu. Nira ya mti inakaa mbele ya nundu na nundu inaisukuma, ndio maana boriti moja tu shingoni inatosha. Punda hana nundu. Watu wengi huku Dodoma wanachukua ile ile nira ya maksai wanawafunga punda wawili, mti unateleza, unasugua mifupa ya mabega, ukipita sokoni angalia mabega ya punda utaona vidonda vimekuwa rangi ya pinki. Punda anatakiwa mkanda mpana wa kifuani, wa turubai au mpira wa tairi uliokunjwa ukingo, na mkanda mwingine mgongoni wa kuushikilia usishuke. Sio ghali, tairi moja chakavu inatoa mikanda kadhaa.

Kwa hiyo ukichora punda na nira andika pembeni hivyo hivyo kwamba hii ni nira ya ng'ombe. Na mchore na kidonda. Usimpambe. Halafu tafuta mwenye mkanda wa kifuani umchore naye, wapo, nimeona wachache Chamwino na upande wa Hombolo, na mchoro wa jinsi ya kukunja ule ukingo wa tairi usimkate mnyama nitakuomba nakala niubandike ofisini, maana mabango tunayoletewa yamechorwa na watu ambao hawajawahi kumfunga punda, kamba zinapita hewani.

Na Mwalimu kataja punda wa misafara, wale walikuwa na shogi, mfuko wa pande mbili unaolala mgongoni. Bado kuna vijiji wanatumia kubebea maji madumu mawili huku mawili huku bila mkokoteni kabisa. Za ngozi sijaziona siku hizi, ni za viroba na turubai.

---

mama_wa_Chamwino

Vyungu nipo mimi, mama yangu mfinyanzi na mimi nafinyanga kidogo ingawa nauza vitenge. Mwanangu karibu, lakini sikia.

Ukifika kijijini na mifuko yako ya karatasi usianze kuchora. Nenda kwa mtendaji wa kijiji ujitambulishe, halafu mwenyekiti wa kitongoji. Ukipita kwa afisa utamaduni wa wilaya akakupa kabarua ndio umepumzika kabisa. Watu wanaopimapima vitu na kuandika huku kwetu mara nyingi wanafuatiwa na mtu wa viwanja. Tangu Dodoma itangazwe jiji 2018 na watu wa makao makuu wakahamia, ukionekana na futi kamba unaulizwa eneo la nani linachukuliwa. Mzee mmoja anaweza kukukatalia kuchora tembe yake kwa sababu anadhani ni tathmini ya kubomolewa, na hauwezi kumlaumu.

Pili malipo. Huyo Mwingereza wako alikula kwenye nyumba za nani? Mama akisimamisha kazi yake nusu siku ili akuonyeshe jinsi ya kuchanganya udongo na vigae vilivyosagwa ili chungu kisipasuke motoni, hiyo nusu siku ni hela ya mboga. Mpe kitu. Na jina lake liandikwe kwenye karatasi kama yeye mwenyewe kakubali, wengine hawataki, na mchoro mmoja ubaki kwake, sio nakala ya kupiga fotokopi iliyofifia, mchoro. Sisi tumepigwa picha na wageni mpaka tumechoka, hakuna aliyewahi kurudi na hata moja.

Tatu usije mvua inanyesha, hatuchomi vyungu masika. Njoo kuanzia Juni, udongo umekauka, kuni zipo, na upepo ukiwa mkali wa Julai Agosti utaona tunavyozungushia matawi kuukinga moto. Kufinyanga kwenyewe hatuna gurudumu, tunajenga kwa mikono, tunaanza na donge, tunapandisha ukuta, tunasugua na kokwa au kibuyu. Chora mikono. Chungu kilichokwisha kitu rahisi, kipo sokoni, mtu yeyote atakiona.

---

Kamanda_Ipagala

Mama umeongea. Basi mimi nimebadilisha swali. Penseli ukishamaliza zinakaa wapi? Maana Hennell ana V&A, na nimeona Waingereza wana makumbusho nzima ya mambo ya vijijini pale Chuo Kikuu cha Reading toka 1951, wana magari yenyewe yamepangwa ndani. Wewe utaweka uvunguni panya wale?

---

Mwl_Historia

Kamanda swali zuri hatimaye. Mimi ningefanya hivi. Skani kila karatasi kwa ubora wa juu stesheneri yenye mashine nzuri, sio picha ya simu kwenye meza, weka mtandaoni na kwenye fleshi mbili zinazokaa nyumba mbili tofauti. Nakala moja ya seti nzima peleka maktaba ya Chuo Kikuu cha Dodoma (UDOM), nyingine maktaba ya mkoa, nyingine shule ya msingi ya kijiji husika, na hiyo ya shule ndio usiikose maana mtoto akimuona bibi yake ukutani na vipimo vya chungu chake pembeni atauliza maswali ambayo mimi darasani siwezi kuyaanzisha. Nanenane pale Nzuguni unaweza kuomba kona ukaonyesha, wakulima wenyewe ndio wanakuja, watakusahihisha papo hapo bure.

Nyuma ya kila karatasi andika kwa penseli, sio kalamu ya wino inayopenya: kijiji, mwezi na mwaka, nani katengeneza kama karuhusu, mti gani, chuma kimetoka kwenye gari gani, kiligharimu kiasi gani siku hiyo. Bei usiiache. Picha nyingi za zamani za nchi hii ni nzuri na hazina kitu nyuma.

---

fundi_wa_Kibaigwa

Inboksi nimekujibu. Alhamisi nafunga ekseli ya mkokoteni wa mzee mmoja wa Mlali, wa punda wawili, njoo asubuhi kabla jua halijakaza. Ule mti wa beringi nimeshapata kipande, kiko kivulini kinakauka, ila nakuomba usinichore mimi nimevaa miwani ya kuchomelea iliyofungwa na kamba ya kiatu, nitanunua nyingine.

Na daktari uje na huo mkanda wa kifuani siku hiyo hiyo, mzee ana nira ya ng'ombe tayari na mimi nikimwambia peke yangu atasema fundi anataka kuniongezea bei.